Siku ya Tano Mara Mbili

Katika miaka yangu ya kufundisha Kiswahili sekondari, mwanafunzi mmoja wa kidato cha kwanza aliinua mkono akaniuliza: “Mwalimu, tunahesabu Jumamosi, Jumapili, Jumatatu, Jumanne, Jumatano. Mbona hatuna Jumasita?” Darasa liliangua kicheko. Nami, badala ya kulinyamazisha darasa, nilimnyamazisha yeye. Nilimwambia kwamba lugha ndivyo ilivyo, afungue daftari tuendelee. Ukweli ni kwamba sikuwa na jibu, na mwalimu asiye na jibu hukimbilia ukali.

Swali lile lilinirudia baada ya kustaafu, tena kwa njia nisiyoitarajia: katika kalenda ya nchi isiyopata kuwapo duniani.

J.R.R. Tolkien alikuwa profesa wa Kiingereza cha kale katika Chuo Kikuu cha Oxford. Riwaya yake, The Lord of the Rings, ilitoka kwa juzuu tatu katika miaka ya 1954 na 1955, na mwishoni mwa juzuu ya tatu aliweka viambatisho. Kimojawapo kinaeleza kalenda za ulimwengu alioubuni, na hasa kalenda ya Shire, nchi ya Wahobiti, watu wafupi wapendao shamba na chakula.

Mwaka wao una miezi 12, kila mwezi siku 30. Siku tano zinazobaki hazimo katika mwezi wowote: mbili ni za sikukuu ya majira ya baridi, moja ikifunga mwaka na ya pili ikiufungua, tatu ni za sherehe ya kiangazi. Kisha Wahobiti wakaiondoa siku ya katikati ya mwaka katika hesabu ya juma, isiitwe Jumatatu wala Jumanne. Na siku ya ziada ya mwaka mrefu vivyo hivyo. Zikabaki siku 364, yaani majuma 52 kamili. Kwa hiyo kila tarehe huangukia siku ileile ya juma mwaka nenda mwaka rudi, na hakuna mwezi unaoanza Ijumaa. Mhobiti akitaka kutaja siku isiyofika kamwe, husema kwa mzaha “Ijumaa tarehe mosi”.

Hesabu hiyo ni nzuri, lakini mtu yeyote mwenye kalamu na subira angeweza kuibuni. Kilichonishika mimi ni majina. Bede, mtawa wa Kiingereza aliyeandika kitabu cha hesabu ya nyakati mwaka 725, alieleza kwamba mwezi wa Mei wahenga wake waliuita kwa jina lenye maana ya kukamua ng’ombe mara tatu kwa siku. Tolkien alilichukua jina hilo, akalichakaza kama vinywa vya watu vinavyochakaza maneno, likawa Thrimidge. Mkulima wa Shire analitamka bila kuyakumbuka maziwa.

Na juma lao nalo lina tabaka. Hapo kale, asema Tolkien, viumbe wasiokufa walihesabu siku sita: ya nyota, ya jua, ya mwezi, ya miti, ya mbingu, na ya wakuu wa ulimwengu. Baadaye watu wa kisiwa cha Númenor, mabaharia hodari, wakaona juma limeisahau bahari. Wakaipenyeza Siku ya Bahari kabla ya ile ya mwisho, zikawa saba. Wahobiti walizirithi zote. Juma lao linaanza Jumamosi na kuishia Ijumaa, siku kuu, ambayo adhuhuri kazi hukoma na jioni huwa karamu.

Hapo nilikiweka kitabu chini. Juma linaloanza Jumamosi na kuishia Ijumaa nalijua tangu utotoni. Si hoja yangu kwamba Tolkien alituiga. Nasema tu kwamba kalenda yake ilinifungua macho niitazame ya kwetu.

Siku zetu tano za mwanzo zimebeba nambari za Kibantu: mosi, pili, tatu, nne, tano. Zinahesabiwa kuanzia baada ya Ijumaa, siku ya mkusanyiko. Alhamisi ni neno la Kiarabu, na maana yake ni siku ya tano, kwa kuwa Waarabu huanza kuhesabu Jumapili. Basi tuna siku mbili za tano zilizofuatana, Jumatano na Alhamisi, kila moja ikifuata hesabu yake. Jumasita haipo kwa sababu mahali pake palikwisha kupata mwenyewe. Na tazama palipo: Siku ya Bahari ya Tolkien imesimama palepale iliposimama Alhamisi yetu, nayo Alhamisi ililetwa na bahari, kwa jahazi za biashara na kwa dini.

Nawaambia haya hasa vijana wanaobuni ulimwengu mpya katika tenzi na hadithi zao. Mbunifu mwenye haraka angetunga Jumasita ili safu inyooke. Wenye lugha hawakuinyoosha, na kwa hiyo kukutana kwa watu wawili kumehifadhiwa katika neno tunalolitamka kila juma bila kulifikiri. Ukibuni kalenda, acha ndani yake jambo moja lisilolingana, nawe ujue nani alilileta.

Nanyi walimu wenzangu, mkiulizwa Jumasita iko wapi, msimkalishe mtoto. Alikuwa ameiona historia ya pwani nzima katika pengo moja, na mimi nikamwambia afungue daftari.