Mawe ya Jedha na Mawe ya Mjomba

Niliona Rogue One mapema mwaka wa 2017, kwa laptopu ya rafiki, hosteli, wiki chache kabla niache chuo. Tulikuwa watu sita juu ya kitanda kimoja. Wenzangu walikuwa wanamngoja Darth Vader. Mimi nilikwama Jedha, ule mji mtakatifu wa jangwani ambapo chombo cha Himaya kimening'inia juu ya paa za watu, na huko chini askari wanasafirisha masanduku ya mawe. Nilisema, "Hawa wanachimba kwao." Nikaambiwa ninyamaze.

Mimi ni wa Kasighau, Taita Taveta. Kwetu mtu akiona kitu kinang'aa njiani, huinama.

Kama hujawahi kufuatilia Star Wars, jiwe lenyewe linaitwa kyber. Ndiyo fuwele iliyo ndani ya ule upanga wa mwanga. Si jiwe la kununua dukani: inasemekana lina uhai fulani, na mtoto anayesomea kuwa Jedi huenda kwenye mapango ya sayari ya Ilum kutafuta lile linalomwita. Sith, yule mtu wa upande wa giza, haitwi na jiwe lolote. Yeye hulichukua kwa nguvu na kulitesa mpaka "litoke damu." Ndiyo maana upanga wake ni mwekundu.

Lakini jiwe hili lina historia ya huku kwetu duniani pia, na imepinda kuliko wengi wanavyojua. Liko kwenye rasimu za George Lucas za mwaka wa 1975, likiitwa Kiber. Filamu ilipotoka 1977, lilikuwa limekatwa, halitajwi hata mara moja. Likarudi 1978 kwenye riwaya ya Alan Dean Foster, Splinter of the Mind's Eye, iliyoandikwa ili iweze kugeuzwa filamu ya bei nafuu iwapo ile ya kwanza haingeuza sana. Humo linaitwa Kaiburr, na liko Mimban, sayari ya matope na ukungu ambapo Himaya inachimba madini kwa siri. Luke na Leia wanajificha kwa kuvaa kama wachimbaji. Mji umejaa wachimbaji, na wenyeji wa sayari wanazunguka wakiwaomba pombe, wamedhalilishwa kwenye ardhi yao wenyewe.

Nilisoma hiyo riwaya miaka mingi baadaye, kwa simu, ndani ya matatu, na nikapitisha steji yangu. Hiyo Mimban naijua.

Rogue One ilipolirudisha jiwe katikati ya hadithi mwaka wa 2016, ililipa heshima kubwa zaidi: hekalu, walinzi, na mama anayemvisha bintiye kipande chake shingoni. Pia ilitueleza lilikuwa linaenda wapi. Galen Erso, mwanasayansi aliyelielewa kuliko wote, analazimishwa kulifanya kuwa moyo wa silaha iitwayo Death Star. Na silaha ikikamilika, mji wa kwanza kupigwa ni Jedha. Mji uliotoa mawe.

Ni mpango wa ukatili, na umeandikwa vizuri. Lakini tazama tena uniambie umeona nani akishika sururu. Kuna askari, watawa, waasi, injinia. Mchimbaji hayuko. Katika miaka karibu arobaini jiwe lilipata utakatifu, na watu wa Mimban wakapotea kwenye picha.

Hapo ndipo huwa nakumbuka jiwe letu. Mwanajiolojia Campbell Bridges, mzaliwa wa Scotland, alilipata kwanza upande wa Tanzania mwaka wa 1967, kisha akafuata miamba hadi Taita Taveta mwanzoni mwa miaka ya 1970. Ni kijani kibichi, rangi inayotoka kwa vanadi na kromi. Tiffany & Co. wa New York walilizindua mwaka wa 1974 na kuliita tsavorite, kwa heshima ya Tsavo. Mwaka wa 2009 Bridges aliuawa na kundi la watu karibu na machimbo yake, katika mzozo wa nani ana haki ya kuchimba wapi. Historia hiyo ina jina la mbuga, la duka, na la mgunduzi.

Haina la mjomba wangu. Yeye alichimba miaka kumi na tisa. Siku moja alipata jiwe la ukubwa wa punje ya mahindi, akamuuzia broka kwa shilingi elfu sita. Mizani ilikuwa ya broka. Pesa hizo ziliingia kwenye karo yangu ya muhula wa kwanza. Baada ya hapo mashimo yalikauka, na mimi nikarudi nyumbani.

Mwaka ule ule wa Rogue One, 2016, Kenya ilipata Sheria mpya ya Madini, ikaizika ile ya 1940, ya mkoloni. Madini yamebaki mali ya Jamhuri, hata yakiwa chini ya jiko lako. Katika mrabaha, asilimia 70 ni ya serikali kuu, 20 ya kaunti, 10 ya jamii inakochimbwa. Na mchimbaji mdogo alitambuliwa, anaweza kupata kibali. Mjomba alikuwa ameshaumia mgongo.

Desemba iliyopita nilimsimulia Jedha yote, tumekaa nje, stima zimepotea. Alisikiliza mpaka mji ukalipuliwa. Akauliza, "Hao waliochimba walilipwa ngapi?"

Nikamwambia filamu haisemi.

"Ingeanzia hapo, mpwa wangu," akasema, akaingia ndani kutafuta mshumaa.