Muhogo Mchungu: Rashidi Kawawa Kabla ya Siasa

Mzee Rashidi Mfaume Kawawa, aliyefariki tarehe 31 Desemba 2009, amezikwa Madale, Kinondoni. Wengi humkumbuka kama Simba wa Vita na Waziri Mkuu. Wachache wanajua kwamba, kabla ya kupanda jukwaa lolote la siasa, alikuwa mwigizaji wa filamu.

Mwanzoni mwa miaka ya 1950, serikali ya kikoloni ya Tanganyika ilishirikiana na kampuni moja ya Afrika Kusini kutengeneza filamu za Kiswahili kwa ajili ya watazamaji Waafrika. Kawawa, mzaliwa wa Songea mwaka 1926 na mhitimu wa Tabora, alikuwa mtumishi wa serikali. Akapewa nafasi ya mhusika mkuu katika Muhogo Mchungu, kisha akaonekana katika Chalo Amerudi.

Kisa cha Muhogo Mchungu ni chepesi: mtu wa shamba anaingia Dar es Salaam na fedha zake, mji unamlaghai, fedha zinakwisha. Jina lenyewe limebeba maana nzima. Muhogo mchungu na mtamu hufanana machoni. Utofauti huujua ulimi, na wakati huo umekwishatafuna. Ndivyo mji ulivyochorwa. Lakini nyuma ya mzaha ule palikuwa na shabaha ya mtawala: Mwafrika abaki shambani kwake.

Kawawa hakubaki alikowekwa. Mwaka 1955 akawa Katibu Mkuu wa kwanza wa Shirikisho la Vyama vya Wafanyakazi Tanganyika, akiwatetea wafanyakazi wa mji uleule. Januari 1962 akawa Waziri Mkuu. Januari 1967, akiwa Makamu wa Pili wa Rais, ndiye aliyetangaza kwamba shughuli zote za serikali ziendeshwe kwa Kiswahili. Mwaka huohuo Baraza la Kiswahili la Taifa likaundwa kwa sheria.

Sidai kwamba filamu ndiyo iliyozaa agizo lile. Nasema tu kwamba kijana aliyekikariri Kiswahili kwa shabaha ya wengine ndiye aliyekuja kukipa mamlaka ofisini. Lugha ni ileile. Aliyebadilika ni mwenye kuituma.

Hata hivyo, haki inatutaka tuseme na upande wa pili. Hofu ya mtu wa shamba kuingia mjini haikuondoka na Mwingereza. Mwaka 1983 serikali ya chama ambacho Kawawa mwenyewe alikuwa miongoni mwa viongozi wake ilipitisha sheria ya Nguvu Kazi, na watu walioitwa wazururaji wakakamatwa mitaani ili warudishwe vijijini. Fundisho la filamu ya mkoloni lilikuwa limepata mwalimu mpya.

Wanafunzi hawakulisikiliza. Watu wa shamba waliendelea kuja. Wakajenga Manzese, Tandika na Mbagala, na Kiswahili chao cha mitaa hiyo ndicho tunachokisikia leo katika filamu zetu. Madale nayo, iliyokuwa mashamba, sasa inajengwa nyumba hadi pembezoni. Mji ambao Muhogo Mchungu alionywa asiukaribie umemfuata Mzee Kawawa mpaka kaburini.