Tovuti za programu za uharamia
Tovuti za programu za uharamia hugawa programu za kompyuta bila idhini ya wenye hakimiliki. Programu huambatanishwa na kraki, yaani kijiprogramu kinachovunja kufuli la leseni. Mashuhuri kuliko zote ni The Pirate Bay, iliyoanzishwa Sweden mwaka 2003. Mahakama ya Stockholm iliwatia hatiani waliohusika nayo Aprili 2009, lakini tovuti yenyewe haikufa.

Nchini Tanzania kinachovuta kwanza ni bei. Windows 10 ya matumizi ya nyumbani iliuzwa rasmi kwa dola 139 za Marekani, zaidi ya shilingi laki tatu. Katika miji midogo ya bara, kama ile ya wilaya za Ngara na Biharamulo mkoani Kagera, mwenye kompyuta kwa kawaida haingii mwenyewe kwenye tovuti hizo, maana faili la gigabaiti kadhaa humaliza bando. Fundi hulipakua mara moja akalitia kwenye flashi, na flashi hiyo ikahudumia steshenari, shule na ofisi. Mteja hulipia kazi ya kupigiwa Windows, na aghalabu hajui kuwa kuna leseni iliyorukwa. Si haki kumbebesha lawama sawa na aliyeivunja.

Sheria haina utata. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999 huzilinda programu za kompyuta katika fungu moja na vitabu, na Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015 huadhibu ukiukaji wa miliki bunifu hata usiokuwa wa kibiashara.

Utetezi unaosikika sana ni kwamba kampuni tajiri ya ng'ambo haipotezi kitu, kwa kuwa asiye na laki tatu asingenunua kamwe. Hoja hiyo ina uzito, hasa kwa mwanafunzi, ila inawasahau walio karibu. Kirusi cha STOP/Djvu, kilichoenea kuanzia 2018 hasa kupitia kraki, hufunga mafaili ya mtumiaji na kudai fidia. Mitihani ya shule na hesabu za duka hupotea hivyo.

Hasara nyingine haionekani upesi. Desemba 2004 mradi wa Kilinux wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam ulitoa Jambo OpenOffice, programu huria za ofisi kwa Kiswahili. Kutolipiwa kungekuwa silaha yake kuu sokoni, lakini mkononi mwa fundi programu ya mamia ya dola nayo ilikuwa bure. Mtanzania anayetunga programu ya hesabu za duka hukutana na wateja hao hao, waliozoea kulipia mkono wa fundi tu.

Leo zipo programu huria kama LibreOffice, Ubuntu na GIMP. Leseni zake huruhusu kunakili kwa flashi na kugawa, na fundi anaweza kutoza ujira wa kuziweka bila kuvunja sheria yoyote.