Udon ya Sanuki: Tambi Zilizolelewa na Ukame

Kotohira ni mji mdogo ulio chini ya mlima, katika kisiwa cha Shikoku nchini Japani. Karibu na ngazi zinazopanda kwenda kwenye hekalu la Konpira kuna shule isiyo na madawati, na wanafunzi wake ni watalii. Wanafungwa aproni, wanapewa donge la unga wa ngano lililokwisha kulazwa, kisha mwalimu anawaonyesha namna ya kulisukuma kwa mti mrefu, kulikunja na kulikata kwa kisu kipana. Baada ya hapo donge jingine linatiwa kwenye mfuko wa plastiki na kuwekwa sakafuni. Muziki unafunguliwa, na watu wazima waliovua viatu wanalikanyaga huku wakicheza. Shule hiyo inaitwa Nakano. Anayemaliza somo anaondoka na cheti cha karatasi ndefu iliyoviringishwa pamoja na mti wake mwenyewe wa kusukumia.

Anayeyaona hayo mara ya kwanza hudhani ni mchezo uliobuniwa kuwachekesha wageni. Muziki ni wa juzi, hilo halina ubishi. Lakini kukanyaga unga ni kazi ya zamani ya nyumba za hapa, na kumlisha mgeni aliyekuja kupanda ngazi za Konpira ni biashara iliyokuwepo zaidi ya miaka 300 iliyopita.

Mkoa huo leo unaitwa Kagawa; zamani ulijulikana kama Sanuki, na jina hilo la kale ndilo lililoganda kwenye udon, tambi za ngano za hapa. Ndio mkoa mdogo kuliko yote 47 ya Japani. Uko ukingoni mwa Bahari ya Ndani ya Seto, na milima iliyo kusini na kaskazini yake huzuia mawingu. Kwa mwaka hupata mvua ya milimita 1,100 hivi, ilhali wastani wa Japani unazidi milimita 1,600. Mito yake ni mifupi na hukauka upesi. Wakulima walijibu kwa kuchimba malambo, na mpaka leo mkoa una malambo zaidi ya 12,000. Kubwa kuliko yote ni Mannō, ambalo mzunguko wake unakaribia kilomita 20.

Mpunga unakula maji mengi. Ngano haina makuu: hupandwa mwishoni mwa mwaka mashamba yakiwa makavu, huvunwa mwezi wa sita, na shamba lile lile likajazwa maji ya lambo kwa ajili ya mpunga. Kwa hiyo Sanuki ilipata mazao mawili kwa mwaka katika ardhi ile ile. Mpunga ulitumika kulipia kodi ya mabwana, na ngano ilibaki zaidi mezani kwa mkulima. Vitu vingine vilikuwa karibu. Jua kali na mvua haba vilifaa mashamba ya chumvi ya pwani, hasa kule Sakaide. Kisiwa cha Shōdoshima kilikuwa na mapipa ya mchuzi wa soya. Kisiwa cha Ibuki kilitoa dagaa wa kuchemshwa na kuanikwa, wale wanaoipa supu ya udon ya Sanuki harufu ya bahari ambayo mla tambi wa Tokyo huitambua mara moja kuwa si ya kwao.

Ukimuuliza mwenyeji udon ilitoka wapi, atakutajia Kūkai. Mtawa huyo wa Kibudha alizaliwa mwaka 774 mahali ambapo sasa ni mji wa Zentsūji, akasafiri hadi China mwaka 804 na kurudi mwaka 806. Mwaka 821 alisimamia ukarabati wa lile lambo la Mannō lililokuwa limebomoka, na hili limo katika kumbukumbu za historia. Kwamba alirudi pia na ujuzi wa kutengeneza tambi ni hadithi tu, tena hadithi yenye mshindani. Huko Fukuoka, hekalu la Jōtenji lina jiwe la kumbukumbu linalotangaza kuwa udon na tambi za soba zilianzia hapo, kwa mkono wa mtawa Enni aliyerejea kutoka China mwaka 1241 na maarifa ya vinu vya kusagia. Dai la Fukuoka lina nguvu zaidi, kwa sababu tambi za kukatwa zinahitaji unga laini, na unga laini unahitaji kinu kizuri. Watu wa Kagawa hawasumbuliwi na hoja hiyo. Kwao Kūkai ni mtu wa nyumbani, na mtu wa nyumbani hanyimwi sifa.

Ushahidi wa Sanuki ulio imara zaidi ni mchoro. Enzi za Genroku, kati ya 1688 na 1704, msanii Kanō Kiyonobu alichora kwenye pazia la kukunjwa sherehe za hekalu la Konpira na mtaa uliokuwa chini yake. Humo, katikati ya umati, yanaonekana maduka matatu ya udon yenye vibao vyao. Wakati huo watawala wa ukoo wa Tokugawa walikuwa wamewabana raia: mkulima hakusafiri ovyo bila kibali. Hija ilikuwa upenyo. Wengi waliomba ruhusa ya kwenda kusali kwenye hekalu la Ise, na baada ya Ise, Konpira. Konpira ni mungu mlinzi wa mabaharia, hivyo wavuvi na wenye majahazi walimwogopa na kumpenda kwa pamoja. Mahujaji walipanda mashua Osaka, wakashuka bandari ya Marugame, kisha wakatembea kilomita 12 hivi hadi chini ya mlima. Mbele yao zilikuwepo ngazi 785 za kufika hekalu kuu. Anayetaka kufika hekalu la ndani, juu kabisa, hukanyaga 1,368.

Waliokuwa wagonjwa au hawana nafasi walimtuma mbwa. Mbwa alivishwa shingoni mfuko wenye jina la mwenyewe na pesa za safari na sadaka, na wasafiri wa njiani walimpokezana na kumlisha mpaka afike. Mji uliozoea kupokea hata mahujaji wa miguu minne usingeshindwa kubuni biashara ya kuwalisha wa miguu miwili. Kufikia mwaka 1835 Kotohira ilikuwa na jumba lake la michezo ya kabuki, Kanamaru-za, ambalo bado limesimama. Hija na starehe vilitembea pamoja, na bakuli la udon lilikuwa katikati.

Hata hivyo, dukani siko ufundi ulikokulia. Udon ilikuwa kazi ya nyumbani, na zaidi ilikuwa kazi ya wanawake. Ilipikwa penye arusi na penye hitma, mwisho wa mwaka, na hasa siku ya hangeshō, mwanzoni mwa mwezi wa saba, upandaji wa mpunga unapokwisha. Ngano mpya ilikuwa imetoka shambani wiki chache tu zilizopita. Wenye shamba waliisaga, wakapika udon na kuwalisha majirani waliokuja kuwasaidia kupanda. Desturi hiyo ndiyo iliyokifanya chama cha watengeneza tambi cha Kagawa, mwaka 1980, kuitangaza tarehe 2 Julai kuwa Siku ya Udon.

Ufundi wenyewe hauna siri nyingi, ila una masharti. Vitu ni vitatu: unga, maji, chumvi. Wazee walikuwa na kanuni ya kupima maji ya chumvi kufuata majira: kwa kikombe kimoja cha chumvi, vikombe vitatu vya maji wakati wa joto kali, sita wakati wa baridi kali, vitano nyakati nyingine. Joto hulegeza donge, na chumvi hulikaza. Maji hunyunyiziwa kidogo kidogo huku vidole vikivuruga unga mpaka uwe chenga, kisha chenga zinashikanishwa. Hapo mikono hufika mwisho wake. Udon ya Sanuki husifiwa kwa ukakamavu: meno huingia bila shida, kisha tambi huyasukuma kidogo kabla ya kukatika. Ukakamavu huo hutoka katika donge gumu lenye maji machache, na donge la namna hiyo kwa watu kumi halikandiki kwa viganja. Ndipo lilipofunikwa kwa mkeka, mama wa nyumba akapanda juu na kulikanyaga kwa visigino, akizunguka kutoka katikati kwenda pembeni. Lilipotandaa lilikunjwa na kukanyagwa tena, likalazwa, likakanyagwa. Kulilaza si kupoteza muda. Donge ambalo halikupumzika hurudi nyuma kila linaposukumwa, na aliyewahi kuharakisha chapati analijua hilo.

Tambi zikishakatwa huchemshwa kwa dakika kumi au zaidi kwenye maji mengi, kisha huoshwa kwa kusuguliwa ndani ya maji baridi ili wanga wa juu utoke na mwili wake ukaze. Kwa hiyo chakula kilichozaliwa na uhaba wa maji chenyewe ni mlevi wa maji. Mwaka 1994 ukame ulikausha bwawa la Sameura, ambalo hupelekea Kagawa maji kutoka ng'ambo ya milima, na mji wa Takamatsu ukafungiwa mabomba kwa sehemu kubwa ya siku. Wauza udon waliumia miongoni mwa wa kwanza.

Karne ya 20 ilibadilisha karibu kila kitu isipokuwa hamu. Watu walihamia kwenye ajira za mijini, mama wa nyumba wakaacha kukanda, na viwanda vidogo vya mtaani vikachukua nafasi yao. Mteja alikwenda na bakuli lake, akauziwa tambi zilizochemshwa muda huo huo, akazila hapo hapo amesimama, akiwa amezitia mchuzi wa soya na vitunguu majani. Mtindo wa kujihudumia unaowashangaza wageni leo, wa kuchovya mwenyewe tambi kwenye maji ya moto na kujimiminia supu kutoka kwenye bomba, ulitokana na viwanda hivyo ambavyo havikuwahi kukusudia kuwa migahawa. Hoja za usafi nazo ziliwasukuma wenye biashara kununua mashine zinazoiga uzito wa mguu.

Ngano nayo ilihama. Mwaka 1963 mvua za msimu wa mavuno ziliharibu vibaya ngano ya Japani, na wakulima wengi wakakata tamaa. Nafasi hiyo ilijazwa na ngano ya Australia, ambayo unga wake hutoa tambi zenye rangi ya maziwa na mvutano mzuri. Wakulima wa Australia Magharibi wamefika hatua ya kulima aina maalumu kwa ajili ya soko hilo la Japani. Hata leo sehemu kubwa ya udon inayoitwa ya Sanuki ni ya Australia kwa unga na ya Sanuki kwa mkono. Serikali ya mkoa iliona aibu kidogo, ikatoa aina yake ya ngano, Sanuki no Yume 2000. Walikuwepo walioiapia kwa harufu yake, ingawa wapishi walisema unga wake ulikuwa mgumu kuutawala. Kuuita uagizaji huo wa ngano udanganyifu ni kukosa haki: kilichokuwa cha pekee Sanuki tangu mwanzo kilikuwa namna ya kulitendea donge, na namna hiyo haikuagizwa kutoka popote.

Taifa zima liliigundua udon hiyo kwa hatua. Kwenye Maonyesho ya Dunia ya Osaka ya mwaka 1970 iliuzwa kwa wageni kutoka kila pembe. Mwaka 1988 lilifunguliwa Daraja Kuu la Seto, na meli za reli kati ya Uno na Takamatsu zikasimama. Wenyeji wanalisifu daraja, lakini wengi wanaikumbuka zaidi udon iliyouzwa kwenye sitaha ya meli hizo, ambako waliokuwa wakirejea likizo walikimbilia foleni kabla hata ya kuweka mizigo chini. Kisha Kazutoshi Tao, mhariri wa jarida la mkoa, akaanza kuandika na wenzake habari za vibanda vilivyofichika mashambani visivyo na hata kibao. Kitabu kilichotokana na makala hizo kilitoka mwaka 1993. Mwandishi wa riwaya Haruki Murakami naye alikwenda kula na kuandika. Katika mgahawa mmoja wa Marugame mteja aliyetaka vitunguu majani aliambiwa akang'oe mwenyewe shambani nyuma ya nyumba, na habari hiyo peke yake ilileta magari kutoka mikoa ya mbali. Filamu iliyoitwa kwa jina la chakula chenyewe ilitoka mwaka 2006, na mwaka 2011 serikali ya mkoa ilijitangaza kwa utani kuwa Mkoa wa Udon.

Madarasa ya watalii yalistawi katika mkondo huo, na Kotohira ilikuwa mahali pake pa asili. Mji ule ule pia una teksi zenye taa ya umbo la bakuli la udon juu ya paa. Dereva wake haruhusiwi kuibeba taa hiyo mpaka afaulu mitihani, na mmojawapo ni wa kukanda udon kwa mikono yake.

Je, somo fupi linamfundisha mtu udon? Hapana, na walimu wenyewe hawadai hivyo. Donge analolikata mgeni mara nyingi si lile alilolikanda, kwa kuwa kulilaza kunahitaji saa nyingi kuliko muda wa ziara, na tambi anazokula huwa nyembamba upande mmoja na nene kama kidole upande mwingine. Lakini mgeni huyo anapata kitu ambacho mgahawa haumpi: uzito wa donge chini ya kisigino, pale linapokataa, kisha likaridhia. Katika nchi ambako ujuzi wa mikono hufungwa kwa miaka ya uanagenzi, huu ulikuwa mali ya kila jiko, ndiyo maana unaweza kugawiwa mpita njia bila fundi yeyote kulalamika kuwa ameibiwa.

Msomaji atakayejaliwa kufika Kagawa aandikishe darasa mapema na apande ngazi za Konpira kabla ya kula, si baada. Vibanda bora vya mashambani avifuate asubuhi. Vingi hufungua mapema na kukanda kiasi cha siku hiyo tu. Unga ukiisha, hata kama ni saa saba mchana, mlango unafungwa.