Kitabu cha Safu Tano

Fikiri, msomaji, kitabu ambacho hakijaandikwa. Ni kitabu kinene cha wanazuoni, nacho chahusu pwani moja tu, toka Kilifi mpaka Malindi na Mambrui. Kila ukurasa wake umegawanywa safu tano zinazoshuka sambamba, na kila safu ni hesabu ya wakati ya watu fulani. Safu ya kwanza yafuata mwezi, nayo ni miaka ya Hijria. Ya pili yafuata jua: ni mwaka wa mabaharia na wakulima wa Kiswahili, uanzao siku ya Nairuzi, wenye siku 365 zinazohesabiwa kwa miongo, yaani kumi kumi. Ya tatu ni ya Wachina, waliotaja miaka kwa enzi ya mfalme aliyetawala. Ya nne ni ya Wareno. Ya tano ni ya kaya za Wamijikenda, ambako juma lilikuwa na siku nne, na miaka haikutajwa kwa tarakimu bali kwa marika ya watu.

Labda utauliza, safu tano za nini, na wakati ni mmoja? Naam, jua ni moja, lakini hesabu zake ni nyingi, nasi tumezichanganya vinywani mwetu bila kujua. Tazama majina ya siku. Jumatano ni siku ya tano tukianzia Jumamosi. Kesho yake ni Alhamisi, na jina hilo kwa Kiarabu lina maana ya tano vilevile, kwa kuwa Waarabu huanzia Jumapili. Basi kila juma tuna siku mbili za tano zinazofuatana, wala hapana aonaye ajabu. Kadhalika Mgiriama aliyepumzika siku ya Jumwa, ambayo hurudi kila siku ya nne, aliiona Jumwa yake ikiangukia Ijumaa ya jirani yake Mwislamu mara moja tu katika siku 28. Hesabu mbili zilipita kando kando, zikagusana, zikaachana tena.

Fungua sasa ukurasa wa mwaka 1415. Katika safu ya tatu imeandikwa kwamba mwaka wa 13 wa enzi ya Yongle, wajumbe wa Malindi walimpelekea mfalme wa Uchina twiga. Wachina walimfananisha na mnyama wa hadithi zao, ambaye huonekana mfalme mwema anapotawala, kwa hiyo wakuu wa baraza walifurahi mno. Safu ya kwanza yaonyesha mwaka 818. Safu ya nne haina neno juu ya Malindi, maana Wareno walikuwa bado hawajaizunguka Afrika. Lakini watu wa Malindi walikuwa wakinunua na kuuza, wakioa na kuzika, mwaka huo kama miaka mingine.

Ukurasa wa 1498 unataka kusomwa polepole. Vasco da Gama alitia nanga mbele ya Malindi tarehe 14 Aprili, jua likitua. Kwa hesabu ya Wareno ilikuwa Jumamosi, mkesha wa Pasaka. Kwa Waswahili siku huanza jua linapotua. Kwa hiyo waliosimama ufuoni walikuwa wameingia, au walikuwa mlangoni kuingia, usiku wa Jumapili. Wageni walikuwa wamemaliza mfungo wao wa Kwaresima. Wenyeji walikuwa katika Shaabani ya mwaka 903, na kwa hesabu ya miezi Ramadhani ilibaki kama juma moja na siku mbili tatu. Meli za Wareno ziling'oa nanga tarehe 24, wakati mfungo wa wenyeji ulipokuwa ukianza. Hata tarehe hizo za Wareno si zetu kamili: kalenda yao ilikuwa ile ya kale, kabla haijasahihishwa mwaka 1582, na kwa kalenda tuitumiayo leo jioni ile ingeitwa 23 Aprili.

Vitabu vingi vya zamani vya shule viliianza habari ya Malindi jioni hiyo, kana kwamba safu nne nyingine zilikuwa zikiingoja ya Wareno ifike. Kosa hilo si dogo. Mtoto aliyesoma hivyo alijifunza kuhesabu siku za babu zake tangu siku walipoonwa na mgeni.

Nenda Gedi, kama kilomita 16 kusini ya Malindi, ukaone gharama ya kosa hilo. Wareno walikaa Malindi muda mrefu katika karne ya 16, mpaka walipojenga ngome yao Mombasa kuanzia 1593. Lakini mji huo uliokuwa jirani hauonekani katika maandishi yao kwa jina la Gedi. Angetegemea safu ya nne peke yake mtu angesema hapakuwa na mji. Lakini James Kirkman alipoanza kuchimba huko mwaka 1948 alikuta msikiti mkuu, jumba la mtawala, visima, na vigae vya vyombo vya Kichina. Mji uliachwa katika karne ya 17, miti ikamea ndani ya kuta zake. Mwaka 2024 UNESCO iliutia katika orodha ya urithi wa dunia.

Huko Mambrui nako, mwaka 2010 wachimbaji walipata sarafu ya enzi ile ile ya Yongle. Sarafu hutuambia ilipofuliwa, haituambii ilipoanguka. Huenda ilipita mikono mingi kwanza.

Gedi lina kaburi moja lililochorwa mwaka: 802 wa Hijria. Mtunzi wa kitabu chetu atauandika katika safu ya kwanza bila shaka yoyote. Katika safu ya nne wengi huandika 1399. Lakini mwaka 802 ulianza Septemba 1399 ukaisha Agosti 1400, basi hapo hapana budi aandike miaka miwili.