Watiifu wa Taji Lililoanguka: Ufipa, Kasanga na Milansi

Tarehe 25 Novemba 1918, katika mji mdogo wa Abercorn ambao leo ni Mbala ya Zambia, jeshi la mwisho la Mjerumani katika Afrika ya Mashariki liliweka silaha chini. Paul von Lettow-Vorbeck alisimama mbele ya Jenerali Edwards wa Uingereza akasoma tamko la kujisalimisha. Nyuma yake walikuwapo Wazungu 155, askari Waafrika zaidi ya 1,100 na wapagazi zaidi ya 1,500, pamoja na wanawake na watoto waliofuatana na safu hiyo kupitia Msumbiji na kurudi. Bunduki zilizorundikwa chini siku hiyo nyingi hazikuwa hata za Kijerumani. Zilikuwa za Kireno na za Kiingereza, mateka ya vita.

Taji walilokuwa wakilipigania lilikuwa limekwisha kuanguka. Tarehe 9 Novemba jamhuri ilitangazwa Berlin, na kesho yake Kaisari Wilhelm wa Pili akakimbilia Uholanzi. Siku hiyohiyo ya tarehe 9 watu wa Lettow-Vorbeck walikuwa wakiingia Kasama, ndani kabisa ya Rhodesia ya Kaskazini, wakiamini vita bado vinaendelea. Habari ziliwafikia tarehe 13 karibu na mto Chambeshi, siku mbili baada ya mizinga kunyamaza Ulaya. Kamanda alipoambiwa kwamba mapinduzi yamezuka kwao na Kaisari ameondoka, aliona ni porojo za adui. Na hakukosea kabisa. Wilhelm hakutia saini hati ya kuachia ufalme mpaka tarehe 28 Novemba, siku tatu baada ya Abercorn. Kwa karatasi, basi, jeshi lile lilijisalimisha likiwa bado lina mfalme.

Kutoka Mbala mateka hao walitembezwa kwa miguu hadi Kasanga, bandari iliyo chini ya uwanda wa juu wa Ufipa, kwenye ncha ya kusini ya Ziwa Tanganyika. Ukipanda kutoka ziwani unafika Matai, na ukiendelea kaskazini unaingia Sumbawanga. Wajerumani waliiita Kasanga Bismarckburg, kwa heshima ya waziri mkuu wao, wakajenga boma la mawe ambalo mabaki yake yapo mpaka leo. Kwa askari waliorudishwa pale kama mateka, mahali hapo hapakuwa pageni kwa historia ya jeshi lao. Ndipo yalipotoka mashambulizi ya kwanza ya upande huo. Septemba 1914 Wajerumani walitoka Bismarckburg kwenda kuivamia Abercorn wakafukuzwa, na katikati ya mwaka 1915 wakaizingira ngome ya Saisi bila mafanikio.

Walinzi wa boma hilo waliwaponyoka Waingereza kwa namna ya kuchekesha. Juni 1916 kikosi cha Kanali Murray kilikuwa kimelizunguka kwa nchi kavu, na ziwani alikuwapo Geoffrey Spicer-Simson, yule afisa wa majini aliyevusha mashua mbili, Mimi na Toutou, kutoka Afrika ya Kusini kupitia misitu ya Kongo na kuvunja nguvu za meli za Kijerumani. Safari hii alisita kuukaribia mji kwa hofu ya mizinga ya bomani. Usiku Wajerumani wakapanda mitumbwi wakatoweka. Murray alipoingia alilikuta boma tupu.

Desemba 1918 hapakuwa na wa kutoroka. Mateka walipakiwa melini Kasanga kuelekea Kigoma, kisha garimoshi likawachukua. Wajerumani walipelekwa Dar es Salaam ili warudishwe kwao, na askari wakazuiliwa Tabora. Huko homa kali ya mafua ya mwaka huo ilikuwa ikiwasubiri, na wengi walionusurika miaka minne ya risasi hawakutoka kambini.

Ujerumani baadaye ilitunga hadithi tamu juu ya watu hao, hadithi ya askari mwaminifu aliyempenda Kaisari kuliko nafsi yake. Hadithi hiyo ilikuwa na kazi maalumu. Iliwapa Wajerumani hoja kwamba walikuwa watawala wema na kwamba makoloni yao yarudishwe. Mwanahistoria Michelle Moyd, katika kitabu chake cha mwaka 2014, ameichambua hadithi hiyo kwa kina. Askari walikuwa na malengo yao: mshahara uliozidi wa kazi nyingine nyingi, mifugo, wake, watumishi, na heshima ya kuwa bwana mkubwa kijijini. Vita vilipowanyima hayo, maelfu waliondoka. Wengine walibaki upande huu wa Ruvuma jeshi lilipovuka kuingia Msumbiji mwishoni mwa 1917, na wengine walitoroka mwaka uliofuata safu ilipopita karibu na makwao. Hao 1,100 na ushee waliofika Abercorn ni waliobaki baada ya mchujo mrefu, na kwa wengi wao jeshi ndilo lililokuwa nyumba yao pekee.

Jambo moja halina ubishi: walidai haki yao. Lettow-Vorbeck hakuwa na fedha ya kuwalipa malimbikizo, Waingereza nao walikataa kumkopesha. Kila mmoja akapewa cheti cha deni. Taji lililokuwa likidaiwa halikuwapo tena, na jamhuri iliyolirithi ililipa sehemu ya deni katika miaka ya 1920. Inasimuliwa kwamba mwaka 1964, Ujerumani Magharibi ilipoamua kuwalipa wazee waliosalia, mamia walijitokeza Mwanza, wachache wakiwa na vyeti. Mlipaji akamkabidhi kila mzee fimbo ya ufagio na kumpa amri za gwaride kwa Kijerumani. Hakuna aliyekosea. Hadithi hiyo imerudiwa mno kiasi kwamba mtu anapaswa kuipokea kwa tahadhari kidogo, lakini inaonyesha kilichobaki katika miili ya wazee hao: mazoezi ya kila asubuhi. Mapenzi kwa Wilhelm ni jambo jingine.

Mtiifu halisi wa taji alikuwa kamanda mwenyewe. Alipokelewa Berlin kama shujaa mwezi Machi 1919, na mwaka mmoja baadaye akaliunga mkono jaribio la wanajeshi la kuipindua jamhuri, lile lililoongozwa na Wolfgang Kapp. Jaribio likashindwa, naye akapoteza cheo chake.

Na Wafipa? Kwao taji la Berlin lilikuwa kodi ya nyumba, rupia tatu kwa mwaka tangu kodi hiyo ilipoanzishwa koloni zima mwaka 1898. Vita vilipokuja lilikuwa mizigo kichwani na chakula kilichochukuliwa ghalani, kwanza na Mjerumani, kisha na Mwingereza na askari wake Waafrika walioitwa Keya. Mapinduzi ya Berlin hayakuacha pengo lolote la kuliliwa kwenye uwanda huu.

Lakini itakuwa makosa kudhani kwamba Wafipa hawakujua maana ya kubaki na mfalme aliyepinduliwa. Walilijua jambo hilo kwa undani kuliko Wajerumani, kwa sababu nchi yao ilijengwa juu yake.

Simulizi za Ufipa zinaanzia Milansi, kijiji kisicho mbali na Sumbawanga ya leo, chini ya mtawala aitwaye Ntatakwa. Watu wa Milansi walikuwa wahunzi, wa ukoo ule wa mafundi wanaohusishwa na matanuru marefu ya udongo yanayoitwa ilungu, ambayo masalio yake bado yametapakaa kwenye uwanda. Siku moja, Ntatakwa akiwa safarini, walifika wanawake watatu wageni wa ukoo wa Watwa. (Watwa hawa wa Ufipa wasichanganywe na Watwa wa misituni.) Mtawala alikuwa ameacha onyo kwamba kigoda chake asipewe mgeni. Onyo halikufuatwa. Mwanamke wa nyumba yake aliwakaribisha wageni, kigoda kikatolewa, mmoja akakalia. Ntatakwa aliporudi alikuta utawala umekwisha kutoka mikononi mwake bila mkuki kurushwa. Wageni wakahamia mlima Itwelele, na kizazi chao kikatawala Ufipa hadi ukoloni na baada yake.

Hapo ndipo Ufipa inapotofautiana na nchi nyingi. Mtawala wa zamani hakuuawa wala hakufukuzwa, na watu wake hawakulazimishwa kumkana. Milansi ilibaki na ardhi yake ndogo na mamlaka ya kitambiko. Mtwa angeweza kuwa na majumbe, wakusanya kodi na wapiganaji, lakini Mwene, yaani mfalme, mpya alihitaji kutambuliwa na Milansi ili atawazwe ipasavyo. Mwanaanthropolojia Roy Willis, aliyeishi Ufipa mwanzoni mwa miaka ya 1960, aliandika mwaka 1967 makala juu ya simulizi hii iliyojadiliwa sana na wanataaluma. Aliona kwamba Wafipa waliwapanga watawala hao wawili kama sehemu za mwili mmoja: Milansi kichwa, Watwa kiuno. Kichwa kina hekima na ukongwe, kiuno kina nguvu na uzazi.

Mtu anaweza kuhoji kama simulizi hiyo ni kumbukumbu ya tukio au ni maelezo yaliyotungwa baadaye ili kuhalalisha hali iliyopo. Huenda ni vyote viwili. Lakini katika siasa matokeo yake yalikuwa ya kweli. Anayelishikilia taji la zamani kwa kawaida ana njia mbili, kukana au kukimbia. Wafipa walifungua ya tatu, kwamba umheshimu wa zamani na umtii wa sasa bila kuitwa msaliti na yeyote.

Wengine hawakupata bahati hiyo. Makoloni kumi na matatu ya Marekani yalipompindua Mfalme George wa Tatu, watu wapatao 60,000 waliobaki upande wake waliihama nchi. Kati yao walikuwamo Weusi wapatao 3,000 waliotoroka utumwani kwa ahadi ya Mwingereza ya uhuru, wakasafirishwa kutoka New York hadi Nova Scotia mwaka 1783. Huko walipewa mashamba ya mawe au hawakupewa kabisa, na mwaka 1792 karibu 1,200 wakapanda meli tena kwenda Sierra Leone, wakaanzisha Freetown. Karibu zaidi na sisi, Januari 1964, Sultani Jamshid bin Abdullah aliondoka Unguja kwa meli, akafika Uingereza na kuishi huko zaidi ya nusu karne kabla ya kuruhusiwa kurudi Oman. Waliokuwa upande wake walitawanyika Dar es Salaam, Mombasa, Dubai na Maskati, wengine bila kuwaaga ndugu.

Hata kwenye ardhi ya Ufipa yenyewe kuna mfano wa kinyume. Katika miaka ya 1840 Wangoni wa Zwangendaba, waliotoka kusini kabisa ya Afrika na kuvuka Zambezi mwaka 1835, walifika Ufipa na kupiga kambi mahali paitwapo Mapupo. Zwangendaba akafia hapo. Hakukuwa na makubaliano juu ya mrithi, na kila kundi lilijiona ndilo tiifu kwa marehemu. Matokeo ni ramani tunayoijua: waliokwenda kaskazini Unyamwezi wakaitwa Watuta, wengine wakaelekea Songea, na wengine wakarudi kusini hadi Zambia na Malawi za leo. Kaburi moja likazaa falme nne au tano.

Pwani ya ziwa ilikuwa na mtiifu wa aina yake, ambaye hakika ndiye wa ajabu kuliko wote. Léopold Joubert, Mfaransa aliyezaliwa 1842, alikuwa askari wa kujitolea wa Papa. Alipigana Castelfidardo mwaka 1860, wakati wapigania umoja wa Italia walipokuwa wakiyamega maeneo ya Papa, na alikuwa bado jeshini Roma ilipotwaliwa tarehe 20 Septemba 1870. Dola alilolilinda lilipokufa, aliuhamishia utiifu wake Afrika. Kardinali Lavigerie alimtumia kuwalinda wamisionari wake, White Fathers, ambao mwaka 1885 walikabidhiwa kituo cha Karema na shirika la Mfalme Leopold wa Ubelgiji. Joubert alikaa ng'ambo, upande wa Kongo, akaoa mwanamke wa huko aitwaye Agnes Atakaye, akapambana na wafanyabiashara wa watumwa, na akafa huko mwaka 1927 bila kurudi kuishi Ufaransa. Karema ilikua jimbo la Kanisa, na mwaka 1969 makao yakahamia kwenye uwanda na jimbo likaitwa Sumbawanga. Ukatoliki uliojaa Ufipa leo, kwa sehemu, ulipita mlango uliolindwa na askari wa taji lililozikwa.

Waingereza walipoanzisha utawala wao wa kupitia wenyeji katika miaka ya 1920, waliwatambua watawala wa Kitwa wa Nkansi na Lyangalile, dola mbili zilizotokana na kugawanyika kwa Ufipa. Milansi haikuwa na kodi ya kukusanya, hivyo haikuwa na nafasi kwenye majalada ya bomani. Mwaka 1963 serikali ya Tanganyika huru ilifuta utemi nchi nzima kwa sheria, na Watwa wakaondolewa kwa kalamu. Milansi haikuwa na cheo rasmi cha kufutwa. Willis alikuwa Ufipa katika miezi hiyohiyo, akiwasikiliza wazee wakimweleza kuhusu Ntatakwa, kigoda na wale wanawake watatu, na kitabu chake juu ya dola la Wafipa kikatoka mwaka 1981. Jina la Milanzi siku hizi limo katika orodha ya kata za Manispaa ya Sumbawanga, na kata hiyo ina diwani anayepigiwa kura kila baada ya miaka mitano.