Mwigizaji aliyeokolewa na karatasi ya jamaa

Yoshiko Yamaguchi alizaliwa mwaka wa 1920 huko Manchuria, kaskazini mashariki mwa China. Wazazi wake walikuwa Wajapani, lakini yeye alisema Kichina kama mwenyeji. Mwaka wa 1938, jeshi la Japani likiwa limeshika eneo hilo, kampuni ya sinema ya huko ilimuajiri kwa jina la Kichina, Li Xianglan. Watazamaji Wachina hawakuambiwa yeye ni nani. Katika filamu moja ya mwaka wa 1940 alicheza msichana Mchina anayepigwa kofi na Mjapani, halafu anampenda. Wachina wengi waliona hayo ni matusi, na si ajabu.

Vita vilipoisha mwaka wa 1945, alikamatwa Shanghai, akishitakiwa kuisaliti China. Kosa hilo liliweza kumletea kifo. Kilichomuokoa ni nakala ya kitabu cha jamaa cha Japani, iliyofikishwa kwa msaada wa rafiki wa utotoni, msichana Mrusi. Karatasi hiyo ilionyesha kwamba si Mchina, basi hangeweza kuwa msaliti wa China. Mwaka wa 1946 aliachiliwa, akapanda meli kwenda Japani, nchi ya wazazi ambamo hakukulia.

Huko aliigiza katika filamu ya Akira Kurosawa ya mwaka wa 1950, kisha akaigiza Marekani. Baadaye akawa mtangazaji wa televisheni, akapeleka habari za Vietnam na za wakimbizi Wapalestina. Mwaka wa 1974 alichaguliwa mbunge wa baraza la juu, akakaa miaka 18. Kuhusu filamu zile za vita, aliomba radhi hadharani. Alifariki mwaka wa 2014.